Mkataba Ukiisha, Je, Haki Nayo Huisha?

Ama baada ya kumshukuru Mwenyezi Mungu na kumsalia Mtume wake, suali tunalotaka kulitazama pamoja na ndugu zetu wasomaji ni suali linaloulizwa barazani kila siku, wala halijibiwi kwa utulivu. Mtu ameajiriwa kazi ya umma kwa mkataba wenye muda. Siku moja huambiwa aondoke, au siku ya mwisho ya mkataba hufika akafungiwa mlango. Je, huyu anayo haki ya kuuliza sababu? Au mkataba ni karatasi tu, na mwenye karatasi ndiye mwenye neno?

Wako wasemao: “Mkataba ni mkataba. Umetia sahihi kwa mkono wako, umejua tangu mwanzo kwamba kazi ina mwisho, basi walalama nini?” Na wako wasemao kinyume cha hayo: “Mtu akishakaa kazini ana watoto na ana madeni, haifai kabisa kumwondoa.” Sisi twaona kwamba kila upande umeshika kipande cha haki ukaacha kipande, na ndiyo maana maneno hayeshi. Basi natuyapambanue.

Zamani kidogo, mtu wa pwani akisema kijana wake amepata kazi ya Serikali, watu walielewa kuwa amepata kazi ya kudumu mpaka uzeeni, na mwisho wake pensheni. Siku hizi mambo yamegeuka. Tangu Kenya ilipoanza serikali za kaunti mwaka 2013, kazi nyingi za umma zimekuwa za mkataba: walimu wa chekechea, makarani wa ushuru wa soko, askari wa kaunti, madereva, wauguzi. Mwaka 2020 Serikali iliajiri maelfu ya watumishi wa afya kwa mkataba wa miaka 3, kwa mpango ulioitwa wa afya kwa wote. Walifanya kazi katika wakati wa maradhi ya korona, walipokuwa watu wengine wamejifungia majumbani. Muda wao ulipokwisha uliongezwa vipande vipande, na mwaka 2024 na 2025 walikuwa barabarani Nairobi wakidai waingizwe kazi ya kudumu, mpaka mwaka huo wa 2025 walipokabidhiwa kwa kaunti. Basi suali hili si la mtu mmoja.

Na ili tusiseme juu juu, tupige mfano wa mahali maalumu. Msomaji wetu wa Mombasa, Malindi au Lamu huenda hajafika Mitunguu. Ni mji mdogo wa soko katika Imenti ya Kusini, kaunti ya Meru, upande wa chini, ambako nchi ya milima huteremka kuelekea Tharaka. Ardhi yake ni kavu kuliko ya juu, lakini maji ya mto yaliyovutwa kwa mabomba tangu miaka ya 1980 yameifanya kuwa nchi ya migomba, na soko lake la ndizi lina sifa kubwa. Sisi twauchukua mji huu kwa makusudi. Mji wa namna hii hauna viwanda wala bandari. Mwenye mshahara wa kila mwezi hapo ni mtu wa kuhesabika, na anapoachishwa kazi, khabari hufika sokoni kabla yeye hajafika nyumbani. Mtu wa Mombasa akifukuzwa anaweza kujificha katika wingi wa watu. Mtu wa Mitunguu hana pa kuuficha uso wake. Watu humuuliza: “Umeiba nini?” Na ikiwa hakuambiwa sababu, atajibu nini?

Basi tukadirie karani wa ushuru wa soko huko, aliyeajiriwa kwa mkataba wa miaka 3. Yanaweza kumfika mambo ya namna tatu, na kila moja lina hukumu yake.

La kwanza ni kwamba miaka 3 imetimia, hakuahidiwa kitu zaidi, akapewa barua ya shukrani na haki zake zote, akaenda zake. Huyu hakudhulumiwa. Huzuni anayo, na yafaa tumhurumie, lakini huzuni si dhulma. Mkataba wenye muda ni kama nyumba ya kupanga: siku ikifika, mpangaji hutoka, wala hawezi kusema kwamba nyumba imekuwa yake kwa sababu ameizoea. Mahakama za Kenya zimesema hivyo mara nyingi, kwamba mkataba wenye muda hufa wenyewe siku yake ikifika, na kwamba mwajiri halazimiki kutoa sababu ya kutouongeza. Maneno haya ni magumu kwa wenye njaa, lakini ni kweli. Mtu aliyefundishwa kwamba ahadi ni deni hawezi kuitaka ahadi imfunge mwenzake, na imwachie yeye.

La pili ni kwamba muda umekwisha, lakini karani huyu aliambiwa: “Endelea na kazi, karatasi zako zinatengenezwa.” Au mkataba wake umekwisha kuongezwa mara 2 na mara 3 kama jambo la kawaida, akaandikiwa kwamba akifanya vizuri ataongezewa. Akaendelea kutoa risiti sokoni asubuhi na jioni, akakopa kwa kutegemea mshahara, kisha ghafla akaambiwa: “Wewe ulikuwa umekwisha zamani.” Hapa hukumu si ile ya kwanza. Wanasheria hulitaja jambo hili kwa jina la tarajio halali, na maana yake ni kuwa mwenye mamlaka akimtia mtu tumaini kwa maneno yake ya wazi au kwa vitendo vyake, haimjuzii kulivunja tumaini hilo kama kwamba hakusema neno. Ndugu zetu wa Tanzania wameliandika jambo hili katika sheria yenyewe. Sheria yao ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 yahesabu kuwa ni kuachishwa kazi pale mwajiri anapokataa kuuongeza mkataba ilhali mtumishi alikuwa na sababu ya kutaraji kwamba utaongezwa. Nchini Kenya ni majaji ndio wanaolipima, kesi kwa kesi, na mdai hutakiwa aonyeshe ahadi hiyo ilitoka wapi. Tamaa yake peke yake haitoshi, wala kazi yake nzuri peke yake haitoshi.

La tatu ndilo zito kuliko yote. Mwaka wa pili wa mkataba, muda haujafika, karani analetewa barua ya mistari miwili: huduma zake hazihitajiki tena. Hakuulizwa, hakuambiwa kosa, hakuitwa mbele ya mtu yeyote. Pengine kuna tuhuma kwamba fedha za ushuru zimepungua. Pengine hakuna tuhuma, ila uchaguzi umepita na wakubwa wamebadilika, na kiti chake kimeahidiwa mtu mwingine. Hapa twasema bila ya kusitasita kwamba hii ni dhulma, hata kama katika mkataba wake mlikuwamo kifungu kisemacho kwamba kila upande waweza kuuvunja kwa ilani ya mwezi 1.

Kwa nini twasema hivyo, na karani mwenyewe alitia sahihi kifungu hicho? Hapa ndipo ilipo fikra yenyewe ya makala haya, nasi twamwomba msomaji atupe makini yake. Mwenye duka akimwajiri mtu, fedha ni zake na duka ni lake, na juu ya hivyo sheria na dini humtaka awe mwadilifu. Lakini mkubwa wa kazi ya umma hana duka. Soko si lake, ushuru si wake, na kiti anachokikalia yeye mwenyewe si chake. Uwezo alionao wa kuajiri na kufukuza ni amana aliyowekewa na watu, na mwenye amana hana ruhusa ya kuitumia kwa kadiri ya mapenzi yake au ghadhabu zake. Kila atendalo lazima liwe na sababu iwezayo kusemwa mbele za watu. Sababu isiyoweza kusemwa kwa sauti ni sababu mbaya, na kama ni nzuri, yafichwa kwa nini?

Tutazame kisa ambacho kila mtoto wa chuoni amekisoma, kisa cha Nabii Sulaiman na ndege hud-hud katika Sura ya An-Naml. Nabii alikagua majeshi yake akamkosa hud-hud mahali pake. Alikuwa mfalme ambaye hapana mfalme aliyepewa mfano wake, na mtumishi mwenyewe ni ndege mdogo. Sulaiman alikasirika, akataja adhabu kali, hata kuchinja, lakini aliweka sharti: isipokuwa hud-hud ataleta hoja iliyo wazi. Kisha akangoja. Ndege akaja, akasikizwa mpaka mwisho, akaleta khabari ya nchi ya Saba. Wala Sulaiman hakuisadiki papo hapo, bali alisema watatazama kama amesema kweli, akampa barua akamrudisha kazini. Tazameni, ndugu zangu, mambo manne yamo katika kisa hiki kifupi: kosa limetajwa, mtuhumiwa amesikizwa, hoja yake imechunguzwa, na hukumu imekuja baada ya hayo yote. Ikiwa mfalme huyo hakuona unyonge kumsikiza ndege, mkubwa wa ofisi ataona unyonge gani kumsikiza karani?

Tena tusome khabari ya Seyyidna Umar na Saad bin Abi Waqqas, liwali wake wa Kufa. Watu wa Kufa walimshitaki Saad kwa mambo mengi. Umar alimwita, akamweleza anayosemwa, akamsikiza. Tena akatuma watu Kufa, wakaenda msikiti kwa msikiti wakiwauliza watu khabari zake. Na juu ya hivyo Saad aliondolewa, kwani mtawala akiona maslahi ya nchi yataka mtu mwingine, ana ruhusa ya kumbadilisha. Lakini Umar alipokuwa karibu na kufa alieleza mbele ya watu kwamba hakumwondoa Saad kwa unyonge wala kwa khiyana. Hili ndilo somo tunalolitaka. Haikatazwi kumwondoa mtu kazini. Lililokatazwa ni kumwondoa pamoja na jina lake.

Na tusidhani kwamba haya ni mambo ya vitabu vyetu peke yake. Waingereza waliotutawala walikuwa na kanuni kwamba mtumishi wa Serikali hushika kazi kwa ridhaa ya mfalme, na ridhaa ikiondoka, na kazi huondoka. Lakini hata kwao wenyewe kanuni za namna hii zilipingwa. Mwaka 1958 mkuu wa polisi wa mji wa Brighton, Charles Ridge, alifukuzwa na kamati ya mji bila ya kuambiwa kosa lake na bila ya kusikizwa, baada ya kuwa mahakama ya jinai ilikwisha kumwachilia. Alishitaki, akashindwa, akakata rufani, akashindwa tena, mpaka mwaka 1963 Baraza la Malodi, ambalo siku hizo ndilo lililokuwa mahakama ya juu kabisa ya Uingereza, likahukumu kwamba kufukuzwa kwake hakukuwa na nguvu yoyote. Hukumu hiyo husomwa na wanasheria wa Afrika ya Mashariki mpaka leo. Na zamani zaidi, mwaka 1723, jaji mmoja wa Kiingereza alitoa hoja kwamba hata Mungu hakumtoa Adam katika Bustani mpaka alipomuuliza kwanza. Basi maulamaa wetu na majaji wao wamekutana katika jambo moja, na jambo wanalokutania watu walioachana mbali namna hiyo ni karibu mno na ukweli.

Kenya nayo imeyaweka haya katika msingi wa nchi. Katiba iliyotangazwa tarehe 27 Agosti 2010 inampa kila mtu haki ya kutendewa kwa uadilifu katika kazi, katika kifungu cha 41. Kifungu cha 47 chataka kila tendo la utawala liwe halali, la busara na lenye utaratibu wa haki, na anayedhurika apewe sababu kwa maandishi. Na kifungu cha 236 chasema juu ya watumishi wa umma khasa, kwamba hawafukuzwi, hawaondolewi wala hawashushwi cheo bila ya kufuatwa utaratibu wa sheria. Nayo Sheria ya Ajira ya mwaka 2007, katika sehemu ya 41, yamlazimisha mwajiri anayetaka kumwachisha mtu kwa mwenendo mbaya, au kwa kazi mbovu, amweleze sababu kwa lugha anayoifahamu, mbele ya mfanyakazi mwenziwe au mtu wa chama cha wafanyakazi, amsikize na kuyatia maanani anayoyasema. Tena mbele ya mahakama ni juu ya mwajiri kuithubutisha sababu yake. Asiyeweza kuithubutisha, kufukuza kwake si kwa haki.

Jambo moja lililotokea katika kaunti hiyo hiyo ya Meru lafaa kukumbukwa. Gavana wake, Kawira Mwangaza, alishitakiwa na baraza la kaunti ili aondolewe madarakani, mwaka 2022, na tena mwaka 2023, na mara zote mbili Seneti ilimsikiza ikamwacha. Mwezi wa Agosti 2024 akashitakiwa mara ya tatu, na miongoni mwa mashtaka yalikuwamo ya kutengua uteuzi wa ofisa wa kaunti kinyume cha sheria. Aliyakanusha mashtaka, akajitetea kwa mawakili, Seneti ikampata na hatia ikamwondoa. Akaenda Mahakama Kuu, na mwezi wa Machi 2025 mahakama ikayakataa maombi yake. Sisi si watu wa siasa, na hatumsemei yeye wala hatuwasemei waliomwondoa. Tunalolitazama ni utaratibu. Gavana aliandikiwa mashtaka, akapewa siku, akapewa mawakili, akapewa na njia ya mahakamani, na mara mbili kusikizwa huko kulimwokoa. Na hivyo ndivyo inavyotakikana. Basi kwa nini iwe kwamba aliye juu akiondolewa husikizwa mbele ya nchi nzima, na karani wa soko ambaye hana wakili wala gazeti hutolewa kwa barua ya mistari miwili? Haki isiyowafikia ila wakubwa haijawa haki bado.

Ama kwa upande wa njia za kudai, yafaa watu wetu wazijue, kwani wengi hupoteza haki yao kwa kutojua siku. Mtumishi wa kaunti aliyeondolewa na bodi ya utumishi wa umma ya kaunti aweza kukata rufani kwa Tume ya Utumishi wa Umma, kwa maandishi, katika muda wa siku 90. Mahakama ya Rufani ilihukumu mwaka 2017 kwamba njia hii yapasa ifuatwe kwanza kabla ya kwenda mahakamani, na wengi wameziona kesi zao zikitupwa kwa sababu waliiruka. Baada ya hapo iko Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi, mrithi wa ile Mahakama ya Viwanda iliyoanzishwa mwaka 1964, nayo hukaa Meru pia, basi mtu wa Mitunguu hahitaji kufika Nairobi. Kesi ya kuvunjwa mkataba wa kazi hufunguliwa katika muda wa miaka 3. Mahakama yaweza kuamuru mtu arudishwe kazini, lakini hufanya hivyo kwa nadra, na zaidi hutoa fidia, isiyozidi mshahara wa miezi 12. Kwa hiyo, ndugu zetu, wekeni karatasi. Barua ya kuajiriwa, barua ya kuongezewa muda, risiti ya mshahara, hata ujumbe mfupi wa mkubwa usemao “endelea na kazi”, vyote ni mashahidi wasiosahau.

Lakini fidia ya miezi 12 haimrudishii mtu kila kitu. Kesi huenda miaka, na katika miaka hiyo mtoto ametolewa shule na shamba limewekwa rehani. Ndiyo maana tumeliita suali hili la akhlaki kabla ya kuwa la sheria. Sheria huja nyuma ya dhulma ikijaribu kuifuta, na ni tabia njema ndiyo iwezayo kuizuia isitokee.

Sasa imebaki kusema na makundi matatu, kila moja kwa lake.

Twawaambia walio na madaraka: ikiwa mtumishi ana kosa, semeni kosa lake mbele yake, mumsikize, kisha hukumuni. Ikiwa hana kosa lakini fedha za mshahara zimepungua, semeni hivyo, na mfuate utaratibu wa kupunguza watu bila ya kuchagua kwa kabila au kwa kura. Ikiwa hamtaki kuuongeza mkataba, msimwambie mtu aendelee huku mnajua kwamba hataendelea. Kusema “hapana” mapema ni rehema. Na msijifiche nyuma ya kifungu cha ilani ya mwezi 1, kwani kifungu hicho kiliwekwa ili watu waagane kwa wema, hakikuwekwa kiwe upanga.

Twawaambia watumishi: kazi ya umma si urithi. Aliyeingia kwa mlango wa nyuma, kwa jina la mjomba wake, akampita aliyestahili, asistaajabu mlango huo huo ukimtoa. Anayelipwa kila mwezi na haonekani kazini, huyo naye ni mdhulumu, na waliodhulumiwa ni wale wauza ndizi waliotoa ushuru wao. Wala haimfalii mtu aliyepewa haki zake zote muda wake ulipokwisha kwenda mahakamani kwa kubahatisha tu. Mwenye kudai haki yampasa awe ameitimiza iliyo juu yake.

Na kundi la tatu ni sisi, tusio wakubwa wala walioachishwa kazi. Hapa ndipo tunapotaka msomaji ajiulize kwa siri. Uchaguzi ukipita, na upande wetu ukashinda, watu wa upande wa pili wakaanza kutolewa kazini, huwa tunasema nini barazani? Mara nyingi husema: “Nao walikula, sasa ni zamu yetu.” Kisha kijana wetu huitwa akapewa kiti, nasi tukasoma dua ya shukrani, wala hatuulizi kiti hicho kimepatikanaje. Twasema wazi: ikiwa mtu alitolewa kwa dhulma, na anayekipokea kiti chake anajua, huyo ameshiriki. Wala asiseme: “Si mimi niliyemfukuza.” Mwenye kununua mali ya wizi naye si yeye aliyeiba. Mwenye kualikwa katika kazi iliyoachwa wazi, la kwanza kumpasa ni kuuliza: aliyekuwapo ameondokaje? Akijibiwa kwa uwazi, aingie kwa bismillahi. Akijibiwa kwa kicheko, basi ajue kwamba siku yake nayo inangoja, kwani mlango uliovunjwa kumtoa mwenzio haufungiki tena nyuma yako.

Turudi katika suali letu. Mkataba ukiisha, je, haki nayo huisha? Haki ya kuendelea kupokea mshahara huisha, na anayesema haiishi amepita mpaka. Lakini haki ya kuambiwa kweli, na haki ya kusikizwa kabla ya kuhukumiwa, na haki ya kuondoka na jina lako, hizo hazikuandikwa katika mkataba hata zife pamoja nao. Mtu alikuja nazo siku ya kwanza alipoingia ofisini, na ataondoka nazo. Akitokea wa kumnyang’anya, naye sheria ya dunia isimfikie, deni lake lingalipo, na siku ya kulilipa itafika.

Na Mwenyezi Mungu ndiye Mjuzi zaidi.